Kusoma Ukuta kutoka Juu ya Basi: Michoro ya Belfast na Suala la Hadhira

Utangulizi

Katika mji wa Belfast, Ayalandi ya Kaskazini, mgeni alipaye nauli yake katikati ya mji hupandishwa basi la ghorofa lisilo na paa, akazungushwa kwa muda wa saa moja na nusu hivi kuoneshwa yale ambayo mji umeamua kuyaonesha. Huoneshwa Ukumbi wa Jiji uliofunguliwa mwaka 1906. Huoneshwa winchi mbili kubwa za rangi ya manjano, Samson na Goliath, zilizosimama katika kiwanda cha meli cha Harland and Wolff, na jumba la makumbusho lililofunguliwa mwaka 2012 kuikumbuka meli ya Titanic iliyoundwa hapo. Huoneshwa gereza la Crumlin Road, lililofungwa mwaka 1996 na ambalo sasa huingiwa kwa tiketi. Baada ya hapo basi huingia barabara ya Shankill, likapita kandokando ya ukuta mrefu uitwao ukuta wa amani, likatokea barabara ya Falls. Hapo ndipo kamera zote huinuliwa, maana kuta za nyumba za pande hizo zimejaa michoro: mfalme juu ya farasi mweupe, askari wa Vita Kuu ya Kwanza, wafungwa waliojinyima chakula hadi kufa, watu waliofunika nyuso na kushika bunduki.

Kiti cha juu cha basi kina jambo lake. Humweka abiria usawa wa ghorofa ya kwanza ya nyumba, yaani usawa wa macho ya watu waliochorwa. Mkazi wa mtaa anayepita na kikapu chake huwatazama watu hao kutoka chini, nao humtazama kutoka juu. Mgeni pekee ndiye anayetazamana nao ana kwa ana, tena kwa sekunde chache tu, na mara nyingi huku akilowa, kwani mvua ya Belfast haikuulizwa rai yake ilipoamuliwa kwamba paa liondolewe.

Miongoni mwa wahakiki wa sanaa za umma safari za namna hii hudharauliwa. Husemwa kwamba zinaigeuza sanaa ya wanyonge kuwa bidhaa, na kwamba mtalii hasomi bali anakusanya picha. Kwa upande wa pili wako wapangaji wa miji na wakuza utalii wanaodai kuwa michoro hiyo ni urithi wa wote, na kwamba kila anayeitazama ana haki nayo sawa na mwenzake. Msimamo wa makala haya ni kwamba rai zote mbili zina kasoro moja: zinamsahau msomaji wa kwanza wa mchoro, na zinasahau kwamba basi lenyewe, pamoja na sauti inayotoka ndani yake, ni sehemu ya matini. Suala hili laweza kuonekana kuwa la mbali kwa msomi wa fasihi ya Kiswahili. Si la mbali hata kidogo.

Mchoro na msomaji wake wa kwanza

Desturi ya kuchora kuta za Belfast husemwa kuwa ilianza mwaka 1908 katika sehemu ya mashariki ya mji, alipochorwa Mfalme William wa Tatu akivuka mto Boyne, mahali alipomshinda Mfalme James wa Pili mwaka 1690. Ushindi huo husherehekewa na Waprotestanti walio watetezi wa Muungano na Uingereza kila tarehe 12 Julai, na kwa miongo mingi michoro ilifanyiwa matengenezo au kuchorwa upya ili iwe tayari kwa sherehe. Mchoro haukuwa kitu kinachokamilika. Mvua iliubandua, moshi wa viwanda ukautia weusi, na kila kiangazi mikono mingine iliurudia: farasi akanenepa, upanga ukarefuka, uso wa mfalme ukakaribia kufanana na wa jirani fulani.

Mwanafunzi yeyote aliyefunzwa nadharia ya fasihi simulizi atatambua hali hii mara moja. Hakuna nakala ya asili; kuna mfululizo wa tendo moja linalorudiwa, na kila tendo ni kazi mpya. Ni sadfa ya kupendeza kwamba Ruth Finnegan, ambaye kitabu chake cha mwaka 1970 juu ya fasihi simulizi ya Afrika kimewafunza wengi umuhimu wa utendaji, alizaliwa mwaka 1933 katika mji wa Derry, jimbo hilohilo la Ayalandi ya Kaskazini, mji ambao nao una kuta zake maarufu.

Upande wa Wakatoliki, wazalendo na wanajamhuri wanaotaka kisiwa chote kiwe nchi moja, hali ilikuwa tofauti. Kwa muda mrefu hawakuwa na kuta. Dola halikuwa lao, na kuandika ukutani kulikuwa kosa. Mnamo Julai 1980 kijana wa miaka 16 aliuawa na polisi jijini Belfast alipokuwa akiandika kaulimbiu ukutani. Polisi aliyefyatua risasi alieleza kwamba aliidhania brashi kuwa bunduki. Mwaka uliofuata, wakati wa mgomo wa kula wa wafungwa wa wanajamhuri, kuta zikafurika. Bobby Sands, ambaye alichaguliwa kuwa mbunge tarehe 9 Aprili 1981 akiwa kitandani gerezani, alikufa tarehe 5 Mei baada ya siku 66 bila chakula, na wengine tisa wakamfuata. Katika miezi hiyo vijana wengi ambao hawakuwahi kushika brashi walichora. Uso wa Sands ulioko leo katika kona ya barabara ya Falls, akitabasamu na nywele zake ndefu, ndio mchoro unaopigwa picha kuliko pengine yote mingine mjini, nao ni mjukuu wa picha hizo za haraka, mbaya kwa fani na nzito kwa maudhui.

Sasa, michoro hii ilimsemesha nani? Jibu la haraka ni kwamba ilimtisha adui. Jibu hilo si sahihi, au ni sahihi kwa sehemu ndogo. Adui hakuwa akipita hapo. Mkazi wa Shankill aliyezaliwa mwaka 1965 aliweza kabisa kufikia umri wa miaka thelathini bila kusimama hata mara moja mbele ya mchoro wa Falls, ingawa barabara hizo mbili zinakaribiana kiasi cha kuweza kuvukwa kwa miguu kwa dakika chache pale ambapo lango liko wazi. Mchoro ulizungumza na watu wa ndani. Uliwaambia wao ni nani, wafu wao ni akina nani, na nani hasa anautawala mtaa huo usiku. Jambo hili la mwisho lilikuwa zito kuliko yote. Bunduki iliyochorwa Shankill haikumwelekea Mkatoliki wa ng'ambo ya ukuta peke yake. Ilimwelekea pia Mprotestanti ambaye angefikiri kutoa ushahidi polisi.

Waswahili hawahitaji kufundishwa kwamba maandishi ya hadharani yaweza kuwa na hadhira ya siri. Mwanamke wa Unguja au Mombasa anayejifunga kanga yenye jina la mafumbo hamsemeshi kila mpita njia. Wote wanaweza kuyasoma maneno. Mmoja tu, pengine mke mwenza, pengine jirani wa mlango wa pili, ndiye anayeyapata. Mgeni akiinunua kanga hiyo dukani na kuitundika ukutani kwake Ulaya, hajapoteza hata herufi moja ya matini, lakini ameipoteza hadhira, na bila hadhira ile mafumbo yamekwisha. Mtafiti aliyekusanya majina mia mbili ya kanga bila kuuliza kila moja lilivaliwa siku gani na mbele ya nani amekusanya orodha ya methali.

Tofauti kati ya kanga na ukuta ni kwamba kanga hubadilishwa jioni. Ukuta unabaki. Mtoto anauona akienda shule na akirudi, kwa miaka kumi.

Hata hivyo kuna jambo ambalo wadharau watalii hawalioni. Katika muda wa robo saa abiria wa basi anapitishwa Shankill na Falls, akasoma kurasa za pande zote mbili. Kwa miongo kadhaa hakuna mkazi wa kawaida aliyeweza kufanya hivyo kwa usalama. Mgeni asiyejua lolote, aliyekuja kwa siku mbili na mwavuli, ndiye msomaji aliyeweza kukifungua kitabu chote. Anaona jinsi pande hizo zinavyojibizana bila kukutana: hapa wafu wa vita vya Somme vya Julai 1916, ambapo Kikosi cha 36 cha Ulster kiliangamia kwa maelfu wakiitetea Uingereza, kule wafu wa maasi ya Dublin ya Aprili mwaka uleule, waliokufa wakiipinga. Anaona bendera ya Israeli upande mmoja na ya Palestina upande wa pili, ugomvi wa mbali ukiazimwa kuunenea ugomvi wa karibu. Usomaji huu wa juujuu una upeo ambao usomaji wa kina uliukosa, na si haki kuukejeli wote.

Basi, teksi na masimulizi

Basi katika Belfast si chombo kisicho na historia. Machafuko yalipoanza mwaka 1969, mabasi ya abiria yalikuwa miongoni mwa vitu vya kwanza kutekwa: yaligeuzwa ubavu barabarani na kuchomwa moto yawe vizuizi. Huduma ilipokatika katika mitaa ya Falls na Shankill, wakazi walinunua teksi nyeusi zilizochakaa kutoka London wakaziendesha kwa njia maalumu, abiria watano au sita pamoja, kila mmoja akilipa nauli ndogo na kushuka anapotaka. Mkazi wa Dar es Salaam au Nairobi hahitaji maelezo zaidi. Hizo zilikuwa daladala. Na kama ilivyo kwa daladala na matatu, hazikuwa chombo cha usafiri tu. Zilikuwa baraza. Habari, uvumi, matanga na siasa za mtaa zilipita ndani yake, kila upande na teksi zake.

Mkataba wa Ijumaa Kuu ulitiwa saini tarehe 10 Aprili 1998. Baada ya hapo teksi nyingi ziligeukia kazi ya kutembeza wageni kwenye michoro, na basi lisilo na paa likaja kushindana nazo. Hivi leo mgeni ana njia mbili kuu za kusomewa kuta, na tofauti iliyopo kati yake ni ya kifasihi kabla ya kuwa ya kibiashara.

Dereva wa teksi ni fanani kwa maana kamili. Hadhira yake ni watu watano ambao anawaona usoni kupitia kioo chake. Husimama, hushuka nao, huwaonesha mlango wa nyumba aliyozaliwa, hutaja mwaka ambao ndugu yake alifungwa. Hubadili masimulizi akigundua kwamba mgeni ni Mmarekani au ni Mwingereza. Ana upande, na mgeni ambaye si mzembe huutambua upande huo kabla teksi haijafika kona ya pili. Basi, kwa upande wake, lina hadhira ya watu sabini wasioonana na msemaji, na sauti ya kiongozi, iwe ya mtu aliyeshika kipaza sauti au iliyorekodiwa, hulazimika kwenda na mwendo wa gari. Taa zikiwaka kijani, kisa kinakatwa. Hivyo lugha yake ni fupi, yenye utani mwingi, na zaidi ya yote yenye mizani: upande huu walichora hivi, upande ule walichora vile, na sasa kuna amani.

Wengi huona kwamba mizani hiyo ndiyo ubora wa basi. Hapo pana hitilafu. Upendeleo wa dereva wa teksi umetangazwa. Msikilizaji anaweza kuupunguza kwa akili yake mwenyewe. Mizani ya basi haijatangazwa kuwa ni msimamo, nayo ni msimamo. Kisa cha pande mbili kinahitaji pande mbili tu, na kwa hiyo dola la Uingereza, jeshi lake na polisi wake, hubaki kando ya hadithi kama mwamuzi wa mchezo aliyechoka. Ilhali katika watu zaidi ya 3,500 waliouawa kati ya mwishoni mwa miaka ya sitini na mwaka 1998, takriban mmoja katika kila kumi aliuawa na vyombo vya dola. Kijana wa mwaka 1980 mwenye brashi hana nafasi katika kisa cha pande mbili, kwa sababu aliyemwua hakutoka ng'ambo ya ukuta.

Haki inadai kuongeza upande wa pili wa hesabu hiyo. Zaidi ya nusu ya waliouawa waliuawa na makundi ya wanajamhuri, na jambo hilo halipewi uzito wake katika michoro ya Falls, ambayo huwakumbuka waliokufa wakipigana na kuwasahau waliouawa na wapiganaji hao. Upendeleo uliotangazwa bado ni upendeleo. Tofauti ni kwamba mgeni aliyepanda teksi ya Falls asubuhi na ya Shankill jioni amesikia wasimulizi wawili wakipingana, na kazi ya kuamua imebaki kwake. Aliyepanda basi amepewa uamuzi uliokwisha kupikwa.

Aidha, kuna suala la lugha ambalo basi hulipita kwa kasi mno. Michoro mingi ya Falls ina maneno ya Kiayalandi. Kwa abiria maneno hayo ni urembo, mithili ya nakshi za mlango wa Kizanzibari. Kwa mtaa ni hoja. Lugha hiyo ilirejeshwa Belfast kwa juhudi za watu wasio na serikali nyuma yao: mwaka 1969 familia chache zilianza kujenga makazi yao katika barabara ya Shaw's ili watoto wao walelewe kwa Kiayalandi, mwaka 1971 zikafungua shule yao ya msingi, na wafungwa wa kisiasa wakafundishana lugha hiyo gerezani kwa kupigiana kelele kutoka seli hadi seli. Sheria ya kuitambua rasmi katika jimbo hilo ilipitishwa Bungeni London mwaka 2022, zaidi ya miaka hamsini baada ya familia zile kuanza. Neno la Kiayalandi lililochorwa ukutani kabla ya hapo lilikuwa limefanya lile ambalo sheria ilikataa kulifanya. Vitivo vya lugha barani Afrika, ambako vita vya lugha ya kufundishia havijaisha, vingepaswa kuona katika ukuta huo kitu zaidi ya nakshi.

Nani ana haki ya kufuta?

Baada ya mkataba wa 1998 swali jipya lilizuka. Mwaka 2006 Baraza la Sanaa la Ayalandi ya Kaskazini pamoja na wafadhili wenzake lilizindua mpango wa kuwasaidia wakazi kuondoa michoro ya kijeshi na kuweka mingine mahali pake. Watu wenye bunduki walianza kufutwa, na nafasi zao zikachukuliwa na wachezaji wa mpira, watoto, wafumaji wa kitani, na meli.

Wapo watafiti waliosikitika. Bill Rolston, mwanasosholojia ambaye alianza kuihifadhi michoro hiyo kwa picha na kuchapisha kitabu cha michoro hiyo mwaka 1992, amefanya kazi isiyo na mfano, na bila yeye kuta nyingi zisingekuwa na kumbukumbu yoyote. Lakini katika maandishi ya wengine waliomfuata, na hasa katika mazungumzo ya kumbi za mikutano, husikika huzuni ya namna nyingine: kwamba mchoro wa mtu mwenye bunduki ulikuwa wa kweli, na wa mtoto mwenye puto ni wa uongo. Huzuni hiyo ni ya mtu anayerudi hotelini. Msomaji wa kwanza wa mchoro ni yule anayelala chini yake, na akisema hautaki tena, hoja ya uhalisi wa kisanaa haina nguvu ya kumlazimisha mwanawe apite chini ya mtutu kila asubuhi kwa ajili ya uhakiki. Wala hoja ya utalii haina nguvu hiyo. Kwa kuwa michoro ya bunduki ndiyo inayopigwa picha zaidi, basi lenyewe limekuwa kishawishi cha kuibakiza, na katika mitaa maskini pesa za wageni ni hoja inayosikika.

Lakini haifuati kwamba kila kilichowekwa badala yake hakina hatia. Titanic ni mfano mzuri. Meli hiyo iliteremshwa majini tarehe 31 Mei 1911 na kuzama tarehe 15 Aprili 1912. Ni msiba usio na upande, husemwa, nao unafaa kuchorwa popote. Ila kiwanda kilichoiunda kilikuwa ngome ya ajira ya Waprotestanti, na mwezi Julai 1920 maelfu ya wafanyakazi, wengi wao Wakatoliki pamoja na Waprotestanti waliohesabiwa kuwa wajamaa, walifukuzwa humo kwa nguvu na wafanyakazi wenzao. Mzee wa Falls akiitazama meli ukutani haoni jambo lisilo na upande. Mchoro wa bunduki angalau ulisema unachokisema.

Kigezo basi kisiwe ni nini kilichochorwa, bali ni nani aliyefuta na kwa idhini ya nani. Afrika Mashariki inao mfano wake. Mwaka 2012 wachoraji na wanaharakati wa Nairobi, Boniface Mwangi akiwa mmoja wao, walichora katikati ya jiji picha kubwa iliyomwonesha mwanasiasa katika umbo la tai mla mizoga. Haukupita muda mrefu, ikafutwa kwa amri ya wakuu wa jiji. Tendo la kupaka rangi ni lilelile Nairobi na Belfast, brashi ni ileile. Katika mji mmoja mkazi aliondoa sauti ya aliyemtawala kwa silaha, katika mji wa pili mtawala aliondoa sauti ya mkazi. Mhakiki anayeyaita yote mawili udhibiti wa sanaa, au yote mawili usafi wa jiji, hajauliza swali lolote.

Ukuta wa amani umeongeza utata mwingine. Sehemu yake iliyoko Cupar Way, inayopita urefu wa mita kumi, ni kituo cha wageni, na wageni hupewa kalamu. Kwa miaka mingi maelfu wameandika humo majina yao, tarehe, mioyo na maneno ya upendo kwa lugha za dunia nzima, mwandiko juu ya mwandiko hadi zege halionekani. Mtalii ambaye alikuja kuwa msomaji amegeuka mtunzi, na kwa wingi wa sahihi zake ameshinda watunzi wote wa mji. Anaandika kwamba ukuta uanguke. Wakazi walio jirani nao wengi husema bado wanauhitaji ili walale. Serikali ya jimbo iliahidi mwaka 2013 kwamba kuta zote za namna hiyo zingeondolewa kufikia mwaka 2023. Mwaka huo ukapita na kuta zingalipo. Tarehe 7 Aprili 2021, katika lango la Lanark Way, hatua chache kutoka pale penye mioyo na sahihi, vijana wa pande mbili walirushiana mawe na chupa za petroli juu ya lango, na basi la abiria lilitekwa karibu na hapo likachomwa moto.

Kazi iliyo mbele ya idara za Kiswahili

Kama masimulizi ya dereva wa teksi ya Belfast ni fasihi simulizi, basi masimulizi ya mtembezaji wa watalii wa Mji Mkongwe wa Zanzibar nayo ni fasihi simulizi, na hayajakusanywa inavyostahili. Katika uwanja wa kanisa la Kianglikana la Mkunazini, mahali palipokuwa soko la watumwa lililofungwa mwaka 1873, wageni huteremshwa katika vyumba viwili vya chini ya ardhi wakaambiwa kwamba watumwa walihifadhiwa humo. Wapo wanahistoria wanaotilia shaka kwamba vyumba hivyo viliwahi kutumiwa hivyo. Kisa hicho husimuliwa kwa Kiingereza, Kiitaliano, Kijerumani na Kifaransa. Husimuliwa pia kwa Kiswahili, kwa wanafunzi wa shule wanaoletwa na walimu wao kutoka bara na kutoka mashamba ya Unguja. Je, ni kisa kilekile? Mwarabu anatajwa kwa namna moja mbele ya Mtaliano na mbele ya mtoto wa Kizanzibari ambaye bibi yake huenda alikuwa Mwarabu? Mmisionari je? Mnyamwezi aliyeongoza msafara wa pembe za ndovu?

Maswali haya hayawezi kujibiwa maktabani. Yanahitaji mwanafunzi wa shahada ya uzamili atakayefuatana na mtembezaji mmoja kwa msimu mzima, kwa ridhaa yake, akiwa na kinasa sauti, akaandika kila kisa pamoja na hadhira iliyokisikia, lugha iliyotumika na mahali kilipokatizwa. Kisha akarudia kazi hiyo Fort Jesus, Bagamoyo na Kilwa Kisiwani. Watembezaji wa kizazi cha kwanza cha utalii wa Zanzibar sasa ni wazee. Baadhi yao walijifunza visa vyao kwa watu waliozaliwa kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, na wanaowarithi wanajifunza kwa simu. Ni vyema aanze msimu wa Juni.